Mshika Mlango

Nilisoma mpaka darasa la saba, kwa hivyo nitaandika vile ninavyosema. Majina ya watu sitaandika. Nitawataja kwa kazi waliyofanya, na wenyewe wakisoma watajijua.

Mume wangu ana mitumbwi na nyavu pale kisiwani Takawiri. Ni yeye aliyenivunja mkono wa kushoto kwa kafi la mtumbwi. Mdogo wake alishika mlango kwa nje ili nisitoke. Mlango ulikuwa wa mabati, haukuziba vizuri, na pale kwenye mwanya niliona vidole vyake vimekunjwa, vimetulia tu, kama vya mtu anayengoja chai. Nyumba za kule zimebanana, ukipiga chafya huku unaambiwa pole kule. Majirani wote walinisikia. Wakaongeza redio. Kesho yake akaja kiongozi wa akina mama wa kanisa, akautazama mkono ukiwa umefungwa vitambaa, akaniambia nivumilie, akaondoka na samaki aliopewa na mume wangu. Nikakimbilia nyumbani kwetu Lambwe, na kaka yangu wa tumbo moja akanirudisha mwenyewe, kwa sababu ng'ombe wa mahari yangu alikuwa ameshawatoa kuolea mke wake.

Hao ndio waliofanya. Watu huniambia niyaache yapite. Mimi siyazuii kupita. Ni mkono ndio haunyooki.

Nilipotoka mara ya mwisho nilitoka na binti yangu, tumejibana kati ya magunia ya omena, dagaa wa ziwani, kwenye boti ya injini mpaka Mbita, kisha Homa Bay, kisha Migori. Mji wa Migori niliupenda kwa sababu hauna ziwa. Mvuvi hana shughuli ya kumleta huku. Nikakodi chumba cha mabati mbele ya mashine ya kusaga unga, nikaweka cherehani, nikaanza kushona sare za shule. Nyuma yangu mume wangu aliapa mbele ya watu ufuoni kwamba siku akijua nilipo atakuja kumalizia alichoanza. Hilo neno nililetewa. Tangu hapo maisha yangu yana kazi moja: asijue nilipo.

Laini ya simu nimebadilisha mpaka nimechoka. Kila namba mpya, baada ya muda inamfikia. Aliyekuwa anaitoa ni kaka yangu yule yule. Nilimkamata kwa sababu kuna namba niliyompa yeye peke yake, na wiki haikuisha mume wangu akanipigia. Binti alipoingia chuo cha upishi Homa Bay, tukawa tunaogopa hata kupigiana kujua kama mwenzako amekula.

Ndiyo akaja na gemu.

Ilikuwa likizo, amekaa juu ya meza yangu ya kukatia vitambaa, ananiwekea kitu kwenye simu. “Mama, hii haina namba,” akasema. “Hata jina unajipa lolote.”

Akanionyesha. Watu wanabebwa na ndege, wanaruka na miavuli, wanaanguka kisiwani, wanaingia nyumba ambazo hazina wenyewe, wanaokota bunduki, wanauana mpaka abaki mmoja. Nikamtazama.

“Mimi nimetoka kisiwani kwa taabu yote ile,” nikamwambia, “wewe unanirudisha kisiwani, na safari hii na bunduki?”

“Usipige mtu, Mama. Sisi tutakuwa tunaongea tu.” Akanieleza vile sauti inavyokwenda humo. Mtu akiwa karibu nawe unamsikia akiongea. Akisogea mbali sauti inapungua, inapungua, mpaka inakwisha. Akiwa kushoto kwako, sauti inatoka kwenye sikio la kushoto. “Tunaruka mahali pamoja, tunaingia nyumba moja, tunaongea mambo yetu. Tukitoka, hakuna simu imepigwa, hakuna ujumbe umeandikwa. Nani atajua?”

Kwa kweli nilipapenda. Mtu asiyejificha hawezi kuelewa. Kwenye simu mtu anakupigia akiwa mbali na sauti inakuja kama yuko ndani ya sikio lako, huwezi kujua yuko wapi. Humu ilikuwa kama duniani. Binti yangu alikuwa anakuja akiimba kwa mbali, sauti ndogo kama ya mbu, inakua, inakua, mpaka ananiambia “Osaore, Mama,” salamu yetu ya mchana, kama yuko mlangoni. Nilikuwa naweka nyaya masikioni saa za mchana, wateja wakipungua, nanyamazisha cherehani, naingia.

Nyumba yetu ilikuwa moja ya paa la buluu, nyuma yake ukuta mrefu wa mawe uliobomoka katikati. Ndani tulikuwa tunaongea kila kitu. Anasomeshwa nini, anakula nini, anaumwa wapi. Nilikuwa namwambia nguo za nani nashona, nani amekataa kuzichukua. Tulikuwa tunasahau mpaka lile duara, ambalo humo hubana kisiwa kidogo kidogo na kuua aliyebaki nje, linatufikia tukiwa bado tunaongea habari ya chapati.

Chumba cha gemu tulichokuwa tunachezea kilifunguliwa na wanachuo wa Homa Bay. Mmoja alimwita mwenzake, mwenzake akamwita mwingine, mpaka wakaja wa Mbita, wa Rongo, wa kila upande. Kabla ya ndege watu wote huwekwa uwanja mmoja wa kungojea, wamesongamana, na kwa sababu kila mtu yuko karibu na kila mtu, kelele yake ni kama soko siku ya mnada. Kijana mmoja wa Rongo alikuwa anaweka muziki wa benga kando ya simu yake na wote tunausikia. Walinijua haraka, wakaniita Mathe, yaani mama.

“Nani amemleta nyanyake hapa?”

“Mathe, umeacha githeri kwa moto umekuja kutuua?”

“Githeri iko tayari,” nikawajibu. “Inangoja mazishi yako.”

“Woi! Mathe ana mdomo! Mathe, mimi usinipige, mimi ni yatima!”

Walinichekesha. Sijui kama mtu alikuwa amenichekesha tangu Takawiri.

Sasa kuna kitu chetu Wajaluo kinaitwa pakruok. Kwenye sherehe au matanga, muziki unachezwa, na mtu yeyote anaweza kuusimamisha, akatoa chochote kwa wapigaji, akajisifu: yeye ni wa wapi, ni mtoto wa nani, amefanya nini. Anamaliza, watu wanashangilia, muziki unaendelea. Kila mtu ana maneno yake anayojisifia, na huwezi kuiba ya mwenzako. Yangu nilirithi kwa mama yangu. Bonde letu la Lambwe zamani lilikuwa na mbung'o, wakimuuma mtu anaugua ugonjwa wa kulala hadi anakufa. Mama alikuwa anasema: “Mimi nyar Lambwe, binti wa Lambwe, mbung'o walininyonya mpaka wakalala wao.”

Niliyasema hayo maneno siku nilipopelekwa Takawiri kuolewa. Watu walipiga vigelegele mpaka mbwa wakakimbia. Aliyenishikia kipaza sauti ni mdogo wa mume wangu.

Na mama yangu alipokufa, mume wangu alinikataza kwenda matangani. Alisema boti zote zina kazi. Nilikaa jikoni siku ile nikisikia injini zinatoka ufuoni moja baada ya nyingine. Kwa hivyo mama yangu alizikwa na hakuna aliyesimamisha muziki kwa ajili yake kwa maneno yake mwenyewe. Hilo nalo lina mwenyewe. Liko kwa mume wangu.

Basi siku moja, mchana tu, tulikuwa kwenye gemu. Tulikuwa tumeongea vya kutosha ndani ya nyumba ya paa la buluu, na binti akasema anakwenda mlimani kutafuta gari tulikimbie duara. Akatoka, sauti yake ikaisha. Nikabaki peke yangu. Nje, karibu na kisima, kijana wa Rongo na wenzake walikuwa wameamua kutopigana, wameweka benga, wanaruka ruka na bunduki zao. Mmoja akausimamisha muziki akajisifu kwamba yeye ni mtoto wa Kanyamwa aliyemwoa mwalimu wake wa hesabu. Wakashangilia. Mwingine akajisifu. Kisha kijana wa Rongo akaita, “Mathe, uko kwa nyumba, tunakuona dirishani! Hata wewe toa neno!”

Nikasikia mdomo wangu umefunguka. “Simamisha muziki!”

“Wacha! Mathe apewe nafasi!”

“Mimi nyar Lambwe! Mbung'o walininyonya mpaka wakalala wao!”

Walilia kwa furaha. “Sauti ya kina mama wa nyumbani hatujaisikia mwaka mzima,” alisema mmoja. Muziki ukaendelea, wakaondoka nao kuelekea mtoni, na benga ikapungua, ikapungua, ikaisha. Nilikuwa natabasamu peke yangu kwenye chumba cha cherehani. Nakumbuka niliona sindano ina uzi mwekundu.

Halafu sikio la kushoto likaniambia, taratibu, “Shemeji.”

Nikaubana waya sikioni.

“Shemeji. Kumbe mbung'o hawajakumaliza.”

Ile sauti naijua. Sauti ya mtu ambaye hajawahi kupaza sauti maishani mwake, kwa sababu wa kupaza sauti ni kaka yake. Nikageuza simu huku na huku, natazama chumba, natazama dirisha, hapana mtu. Sikio la kushoto lilikuwa upande wa ukuta wa mawe. Duara lilikuwa linakuja. Binti alikuwa nyuma ya mlima, hata nikipiga mayowe hanisikii, na nikipiga mayowe nitakuwa nimekubali ni mimi.

“Mzee anakuulizia,” ikasema. “Kila siku anakuulizia. Uko wapi siku hizi?”

Kisha nikasikia hatua za viatu kwenye nyasi, zinakuja, na mlango wa nyumba ya paa la buluu ukafunguliwa. Mtu mwenye kofia ya njano akasimama pale. Hakunipiga. Alisimama tu mlangoni.

Niliitupa simu. Haikuvunjika, iliangukia kwenye vitambaa vya sare na ikaendelea kupumua duara lake. Nikaifunika na kitambaa kama vile anaweza kuniona kupitia kioo. Mkono wa kushoto ulikuwa umejikunja wenyewe kifuani. Mpaka leo ukitishika unafanya hivyo.

Binti aliponipata jioni kwa namba ya rafiki yake, nilimwambia maneno machache. Akauliza swali ambalo lilininyima usingizi kuliko ile sauti: “Mama, alikuwa pale tangu saa ngapi?”

Kwa sababu kabla hajatoka kwenda mlimani, ndani ya nyumba ile, tulikuwa tumesema. Tulisema atakuja Jumapili. Tulisema ashukie Migori stendi asiende mpaka Sirare mpakani. Mimi mwenyewe nilisema fundi wa pembeni amenichafulia jina hapa mbele ya mashine ya kusaga. Niliyasema kwa mdomo wangu mahali nilipodhani hakuna mtu, na kama yeye alikuwa amelala nyuma ya ukuta na bunduki yake akingoja windo, alikuwa na kila kitu mkononi. Wengine watasema nilijiponza. Hapana. Mtu kuongea na mtoto wake si kosa. Kosa ni la yule aliyesababisha nitafute kisiwa cha uongo cha kuongelea na mtoto wangu.

Tulirudi kupima. Ilikuwa wazo la binti. Tulifungua chumba chetu wawili tu, na yeye akasimama ndani ya nyumba ya paa la buluu, pale pale tulipokuwa, akaanza kusoma vitu vya pilau kwa sauti ya kawaida, kama alivyofundishwa chuoni. Mimi nikatoka nikatembea kuelekea ukuta.

“Vitunguu vya kukata,” akasema. “Tangawizi. Kitunguu saumu. Bizari nzima.”

Nilipofika ukutani kwa huku, nilisikia kila kitu. Nikapita pale palipobomoka, nikalala upande wa pili, mahali ambapo mtu mwenye akili angelala.

“Mdalasini,” nikasikia. “Iliki.” Sauti ilikuwa ndogo lakini ilikuwa sauti. Nikajivuta mwisho wa ukuta. “Mche...” na “le” sikuisikia.

Basi. Akiwa katikati ya ukuta, amesikia. Akiwa mwisho, amesikia nusu. Na neno Migori nililisema nikiwa dirishani au nikiwa mlango wa ndani? Nililia mbele ya simu nikijaribu kukumbuka miguu yangu ya uongo ilikuwa wapi. Binti alikuwa ananiita, “Mama, umesikia mchele? Mama?” na mimi nimelala kwenye nyasi zile.

Alitaka nihamie Homa Bay nikae naye. Homa Bay ndiko boti zinafika na samaki kila asubuhi. Nikamwambia hiyo ni kujipeleka mezani. Jumapili hakuja. Nikageuza cherehani, nikaacha kutazama ukuta, nikakaa kutazama mlango. Kila pikipiki iliyozima injini mbele ya mashine ya kusaga, mguu wangu uliacha kukanyaga. Nilishona mikono miwili ya kulia kwenye shati moja la mtoto wa watu. Mwanamume akiingia na kofia, hata kofia ya aina gani, natafuta mkasi.

Aliyeniona ni jirani yangu wa ukuta mmoja, mama Mkuria wa Kegonga, anauza ndizi na mahindi ya kwao. Tunaongea Kiswahili, kwa sababu yeye hajui Kijaluo na mimi sijui Kikuria. Aliingia siku moja akajisimamisha katikati ya chumba.

“Wewe mama, ni nani unamngoja?”

“Simngoji mtu.”

“Mtu asiyengoja mtu hakai hivi kama paka.” Akavuta kiti. “Sema.”

Nikamwambia. Yote, mpaka redio za majirani. Alisikiliza akichambua mahindi mkononi. Nilipomaliza hakuniambia nivumilie. Aligonga mabati yanayotutenganisha kwa kifundo cha kidole.

“Hii kitu ni nyembamba. Cherehani yako mimi naisikia kutoka asubuhi, inaniumiza kichwa. Sasa itakuwa hivi. Ikinyamaza sana, nitauliza. Usiponijibu, naingia na panga ya ndizi. Na mimi sina redio.”

Nilimuuliza kama haogopi. Akasema kwao mtu anaogopa ng'ombe wake kuibiwa. Mvuvi mmoja ni kitu gani.

Sitadanganya kwamba woga uliisha. Lakini nilianza kufikiria tofauti. Mimi nilikuwa nimeuchukulia ule usikivu wa karibu kama mtego. Kama wa karibu anasikia, nikajiuliza, kwa nini asikilize mmoja tu, tena yule mbaya? Nikamwambia binti nataka kurudi kwenye chumba kile cha wanachuo. Alikataa. Nikamwambia nitaingia na yeye au bila yeye.

Tukaingia. Uwanja wa kungojea ulikuwa umejaa. Nilizunguka polepole kati ya watu, nikitafuta, na nikaiona kofia ya njano karibu na gari bovu, imetulia. Labda hakuniona. Labda aliniona akangoja tutue. Kijana wa Rongo alikuwa na benga yake.

“Mathe amerudi! Mathe, ulipotelea wapi?”

“Simamisha muziki,” nikasema.

“Simamisha! Simamisha! Mbung'o wanakuja!”

Muziki ukakatika. Simu nilikuwa nimeiegemeza kwenye cherehani. Nikasema: “Mimi nyar Lambwe. Nilivunjwa mkono na mume wangu wa Takawiri kwa kafi. Nilipokimbilia mlango, mdogo wake aliushika kwa nje. Vidole vyake nilivihesabu. Majirani walisikia wakaongeza redio. Mimi sikufa. Na huyo mshika mlango yuko hapa tulipo, amevaa kofia ya njano, anasimama kando ya gari, ananitafutia kaka yake aje animalize. Nimemaliza. Endelea na muziki.”

Hakuna aliyeshangilia. Kisha mmoja akasema polepole, “Haki ya Mungu?” Na mwingine, “Wewe wa kofia. Buda. Ongea.” Na sauti ya msichana mmoja, siyo binti yangu, “Mshika mlango, sema kitu!”

Hakusema. Akisema angejulikana sauti, na nusu ya watu wa pale walikuwa wa Mbita, ambako yeye ana kibanda cha kutengeneza simu. Ndege ikaja. Aliruka, na wakaruka naye wote. Sikuua mtu siku hiyo, nilikaa chini ya mti, lakini nilisikia kwa mbali, kila upande wa kisiwa, wanaitana: “Mshika mlango yuko wapi? Nani amemwona mshika mlango?” Walimwangusha kabla duara halijaanza kubana. Siku iliyofuata akaja na kofia nyingine, mtu akacheka, wakamjua kwa kunyamaza kwake.

Siku zikapita, na hiyo ndiyo ilikuwa mbaya kuliko zote. Nilijua sasa nimemkasirisha. Mama wa Kegonga alikuwa ananiita kupitia mabati hata nikisimama kuweka uzi. “Mbona kimya?” “Nipo!” Mpaka watu wa mashine ya kusaga wakaanza kutuiga.

Mshika mlango alinipata tena nyumba ya paa la buluu. Sijui kwa nini nilirudi pale. Nadhani nilichoka kungoja mahali pengine. Nilisikia hatua, nikaelekeza bunduki mlangoni. Akasimama nje, akawa anachuchumaa na kusimama, kuchuchumaa na kusimama, ambavyo humo ndivyo mtu anavyosema hana vita.

“Shemeji, usinipige.”

“Ongea ukiwa hapo hapo.”

“Waambie waache.” Ile sauti ya chini ilikuwa na kitu ambacho sikuwahi kuisikia nacho. “Imetoka kwa gemu. Watu wananiita hivyo Mbita. Wateja. Jana nimeshuka kwenye boti, watoto wamenifungulia mlango wa choo cha bandari wakaniambia nishike. Mke wangu ameniuliza ni mlango gani.”

“Umemwambia ni upi?”

Akachuchumaa tena.

“Nakuuliza kitu kimoja,” nikasema. “Kaka yako umemwambia niko wapi?”

Duara lilikuwa linavuma nyuma yake. Nilisikia mtu anakohoa kwake, kwenye kile kibanda cha kweli, na redio, na boti ya kweli inaunguruma mbali.

“Bado,” akasema.

Kwa hivyo alisikia. Alikuwa katikati ya ukuta, kama nilivyolala mimi. Alisikia stendi na Jumapili na mashine ya kusaga. Lakini nilikuwa nimeshajiandaa kwa neno baya kuliko hilo.

“Basi nisikilize. Wewe kushika mlango unajua, hiyo ndiyo kazi yako. Safari ile uliushika nisitoke mimi. Sasa ushike asitoke yeye. Siku nitakayoona hata kivuli chake Migori, nitasimamisha muziki tena, na safari hiyo nitasema jina la baba yenu na la mama yenu, na nitalisema kwa kila matanga kutoka Mbita mpaka Lambwe.”

“Shemeji, mimi sikukupiga.”

“Najua ulichofanya. Nilikuona vidole.”

Akaendelea kusimama pale mpaka duara likamfikia, likamla akiwa mlangoni. Sijui kama alisahau au alitaka.

Mpaka leo mume wangu hajaja. Sisemi amezuiliwa, inawezekana ni mdogo wake anayemfunga mdomo, inawezekana ni uvivu, inawezekana ni boti zina kazi. Siwezi kumtegemea mtu aliyewahi kunifungia ndani. Binti huja baadhi ya Jumapili, na siku hizi hashukii stendi. Cherehani bado inatazama mlango. Gemu tunacheza, lakini tukiwa ndani ya nyumba tunaongea habari za chakula tu, na ya maana tunayaweka mpaka tuonane.

Haya nimeyaandika kati ya sare na sare, mguu umesimama. Sasa hivi kifundo cha kidole kimegonga mabati.

“Wewe mama! Mbona kimya?”

“Nipo,” nimemjibu. “Naandika.”

“Andika ukikanyaga!”